Mama Pasi na Zimwi la Ghalani

Walimwita Mama Pasi kwa sababu hakuna aliyepiga pasi kama yeye. Alifanya kazi chumba cha nyuma cha hospitali, akinyoosha mashuka na makoti ya madaktari kwa pasi ya mkaa. Alianza kazi hiyo akiwa na mimba ya miezi mitano, wiki moja baada ya zimwi kumkalia mumewe.

Mumewe alikuwa seremala. Asubuhi ile alikuwa juu ya ngazi ndani ya ghala la nafaka, anapigilia boriti, mlango uko wazi. Zimwi hilo, liitwalo Mkunja-siku, likashuka kutoka milimani, likalizunguka ghala zima kama nyoka anayelalia mayai, likatulia. Halina macho, halili watu wala mifugo. Linakula siku. Popote linapojikunja, wakati hunasa mle ndani kama nzi kwenye asali. Mtu mmoja alimrushia seremala kamba. Ikaganda hewani, na imebaki hapo hapo.

Seremala hakufa. Alionekana vizuri kupitia mlango ule wazi, nyundo kaiinua. Mwaka wa kwanza nyundo ilishuka upana wa ukucha.

Kila alasiri, akitoka kazini, Mama Pasi alisimama hatua kumi kutoka ghalani akamsimulia mumewe habari. Mtoto kazaliwa, wa kike. Mtoto kaota meno. Paa linavuja. Majirani walimhurumia, kisha wakamzoea, mwisho wakamtania kwamba ana bahati ya kupata mume asiyejibu. Alicheka nao. Akifika nyumbani alijifungia bafuni, akafungulia bomba ili mtoto asimsikie akilia. Mji nao ukalizoea lile dude. Zimwi likujualo, walisema, halikuli likakwisha. Mikuki ilikuwa imeshindwa kuitoboa ngozi yake. Moto wazee waliukataza kabisa: likiudhika, litaukalia mji wote.

Ikapita miaka ishirini na sita. Binti akawa muuguzi katika hospitali ile ile, na ndiye aliyemshika mama yake mkono daktari aliposema kuwa moshi wa mkaa umeyamaliza mapafu. Labda angefika mwisho wa mvua. Binti alimsihi akae nyumbani apumzike.

"Nikipumzika nitakufa hajaniona," mama akasema. "Nataka anione, mwanangu. Mara moja tu."

Binti akasema lililomkaa kooni tangu utoto: "Mama, umekaa na yule mtu zaidi kuliko ulivyokaa na mimi."



Kesho yake mchana Mama Pasi alijaza makaa kwenye pasi, akayapepea mpaka yakawa mekundu, akatoka nayo barabarani. Watu wakadhani maradhi yamepanda kichwani. Binti alimkuta karibu na ghala, amesimama, anahema, pasi mkononi. Akajaribu kumnyang'anya, akaungua vidole. Akamkumbusha katazo la wazee, akamkumbusha mji mzima. Mama akasema analijua hilo, na kwamba Mungu amsamehe, hana tena moyo wa kuufikiria mji. Binti akamtazama. Kisha akaushika ule mkono wenye pasi, wakaenda pamoja, wakaigandamiza kwenye mgongo wa kijivu.

Ngozi ikafuka moshi. Zimwi likatikisika, likajikunjua pole pole, likasimama juu ya mapaa huku watu wamebana pumzi. Halafu likaelekea milimani.

Ghalani nyundo ikagonga msumari.

Seremala akateremka, akatoka nje akipangusa jasho, kijana wa miaka ishirini na minane. Akamwona mwanamke mzee mwenye pasi. "Shikamoo, mama," akasema, na Mama Pasi akajikuta ameitikia marahaba. Kisha yule kijana akamgeukia binti na kutabasamu. "Mke wangu, si nilikwambia usitembee juani?" Macho yake yakashuka tumboni kwa binti, tabasamu likamtoka. "Mimba iko wapi?"

"Baba," binti akasema, "mkeo ni huyu."

Seremala alikaa chini mavumbini mpaka jua kubwa, kati ya mawili ya nchi ile, likazama, likabaki lile dogo. Ndipo akambeba mkewe mgongoni, akampeleka nyumbani.

Mama Pasi aliishi siku arobaini na moja zaidi. Mumewe alimwogesha, alimlisha, na mara mbili aliteleza ulimi akamwita mama. Siku ya tatu Mama Pasi alimuuliza kama alikuwa akisikia, miaka yote ile aliyosimama pale. Angeweza kudanganya.

"Sikusikia kitu," akasema. "Mimi nilipiga msumari mmoja tu."

Mama Pasi aligeukia ukutani siku mbili. Kisha akaanza kumsimulia upya, tangu mtoto alipozaliwa, akikatishwa na kikohozi, akigombana na pumzi zake. Alikuwa amefika mwaka wa tisa wa binti alipokata roho.

Seremala amerudi kwenye kazi yake. Anaishi na binti yake aliyemzidi sasa kidogo kwa makunyanzi, maana yeye ndiye anayekesha wodini. Hawajui waongee nini mezani. Wageni wakiuliza kama ni mtu na kaka yake, siku nyingine binti anasema ndiyo, kwa kuchoka tu kueleza.