Pipi Nyeusi za Jirani

Leo, dukani Barking, hapa London, mtu alifungua pakiti ya pipi nyeusi za Denmark. Harufu yake, kama dawa iliyochanganywa na sukari guru, ikanirudisha sebuleni kwetu, miaka ya nyuma.

Bibi alikuwa mgeni kutoka Unguja. Tangu afike alikuwa akirudisha sahani bila kuigusa. Chakula cha London, alisema, hakina ladha. Mama alikuwa hapati usingizi kwa wasiwasi.

Jirani yetu, mzee wa Kidenmark, akaja kumwamkia Bibi na mifuko miwili ya pipi: tamu na za chumvi. Alisema kwao zamani ziliuzwa kwenye duka la dawa, kwa ajili ya kikohozi. Mama akatafsiri. Mimi nilionja ya chumvi, nikaitema kiganjani.

Bibi aliimung'unya ya kwake taratibu, kafumba macho. Sote tulimtazama.

"Huyu mzungu anaijua chumvi," akasema. "Nyinyi mnaiogopa."

"Nikupe nyingine, mama?" Mama aliuliza.

"Kwanza nipakulie wali. Pipi haziliwi kwa tumbo tupu."

Mama alikimbilia jikoni. Nilisikia upawa ukigonga sufuria, na yeye akipenga kamasi.