Mlinzi wa Mawe

Miaka ile ya Ujamaa, sukari ilipoadimika, sisi wanawake wa mtaa wetu kule Kinondoni tulipanga mawe kwenye foleni ya duka la ushirika. Kila mtu na jiwe lake. Unaliweka, unakwenda zako kupika, na hakuna anayegusa la mwenzie. Asubuhi moja mie nikalisogeza langu, likapita la jirani yangu. Hatua moja tu! Sukari ikaishia kwangu, yeye akarudi na kikapu kitupu.

Kesho yake akina mama wakasema foleni inataka mlinzi mwaminifu. Jirani yangu akasimama, akanitaja mie. Wote wakapiga makofi. Ningekataaje?

Basi nikawa nasimama juani kutwa nzima nalinda mawe ya watu, nguo zangu nyumbani hazijafuliwa. Mwisho nikamwambia jirani yangu, "Shoga, nimechoka. Mtafuteni mwingine."

Akatabasamu. "Mwingine wa nini? Siku ile uliposogeza jiwe nilikuwa dirishani, nilikuona. Mtaa mzima huu, wewe tu ndiye nina hakika hutasogeza jiwe tena."

Nikarudi juani.