Kitabu Kilichokatwa Sawasawa

Siku Constance wa mtaa wa Makomeno alipokikata kwa wembe kitabu cha mtu mwingine, hakuona kama anafanya kosa. Aliona anafanya haki.

Kitabu chenyewe kilikuwa kinene, cha Kifaransa, chenye jalada la kijani lililopauka. Kilikuwa mali ya Profesa Clément, mzee aliyemfundisha takwimu chuoni kabla ya kustaafu. Alimwazima Constance baada ya kusikia kwamba binti huyo, sasa mwalimu wa hesabu katika sekondari, anawafundisha wanafunzi wake wastani bila kitabu hata kimoja. Nusu ya kurasa zake zilikuwa mafunzo na mazoezi, na nusu nyingine zilikuwa historia: sayansi hii ilizaliwa wapi, na nani aliilea.

Constance alikisoma kama mtu anayesoma barua za wapenzi. Alikutana na mfanyabiashara wa vitambaa wa London ya zamani, aliyekaa na matangazo ya vifo vya mji wake mpaka akaona kile ambacho wakubwa wa mji hawakukiona. Alikutana na Wafaransa wawili walioandikiana barua juu ya mchezo wa kamari uliokatizwa, na barua hizo zikazaa hesabu ya bahati. Alipofika kwa Mbelgiji mpenda nyota aliyeuchukua wastani kutoka angani akauvalisha binadamu, alicheka peke yake chumbani kwa sauti.

"Unacheka na nani humo?" mama yake, Mama Mado, akauliza kutoka jikoni.

"Na Mubeleji moja, mama. Alitafuta muntu wa wastani."

"Alimupata?"

"Hapana. Huyo muntu haiko."

"Basi angekuja kuniuliza miye," Mama Mado akasema, akarudi kwenye sufuria yake ya sombe, majani ya muhogo.

Lakini kicheko kilipokwisha, hasira ilibaki. Constance alikuwa na hasira njema, ile inayomwamsha mtu mapema. Kila siku tunahesabiwa, alikuwa akisema. Tani za shaba zinahesabiwa, malori yanayokwenda mpakani Kasumbalesa yanahesabiwa, hata homa za watoto wetu zinahesabiwa na watu ambao hawajawahi kula bukari, ugali wetu, pamoja nasi. Kisha namba zinarudi kwetu zimevaa suti, nasi tunazipigia saluti. Nani kati yetu anajua jinsi zinavyotengenezwa? Asiyejua jinsi namba inavyotengenezwa hana njia ya kuibishia.

Ndipo akaanzisha Jumamosi zake. Watu kumi na wawili, wengine wanafunzi wake wa zamani, wengine majirani, walikusanyika kwenye baraza la Mama Mado, wakinywa munkoyo, kinywaji cha unga wa mahindi, na kujifunza takwimu. Somo la kwanza lilikuwa munkoyo wenyewe. Constance aliacha chupa itulie mpaka unga ukashuka chini, akammiminia kila mtu wa juu.

"Munaionaje?"

"Ni mayi ya bomba," akasema Gauthier, kijana mwenye wazazi wa Kasai, muuza vipuri vya simu, ambaye ulimi wake haukujua likizo. "Mama Mado, ni nani anakuibia munkoyo?"

Constance akatikisa chupa, akamimina tena. Mara hii ulikuwa mzito na mtamu.

"Chupa ni ile ile," akasema. "Ukionja ya juu tu, utasema uongo juu ya chupa nzima, na utausema kwa moyo safi. Kabla ya kuchukua sampuli, tikisa."

Wakaelewa wote, na munkoyo ukaisha.

Shida ilikuwa kitabu. Kilikuwa kimoja, nao walikuwa kumi na wawili. Mashine ya kunakili ya mtaani ililala kila umeme ulipokatika, na umeme ulikatika kila ilipoamka. Constance akakumbuka chuoni, ambako kila mtu aliona ni kawaida kabisa kubandua silabasi, kile kitabu cha mihadhara, na kugawana kurasa na wenzake. Akachukua wembe. Akahesabu kurasa, akazigawa kwa kumi na mbili, akakata sawasawa, asipate mtu zaidi ya mwenzake hata ukurasa mmoja. Kila kipande akakifungia jalada la katoni. Kila mmoja angesoma chake wiki nzima, na Jumamosi angewasimulia wengine.

Mama Mado alitazama mabaki ya gundi mezani. "Mutoto wangu, umechinja kitabu ya bantu?"

"Nimeigawa, mama. Kwa usawa."

Usawa huo ndio ulioleta vurugu. Constance alikata kwa idadi ya kurasa, hakukata kwa sura. Jumamosi iliyofuata mfanyabiashara wa London alikwama katikati ya sentensi.

"Akafungua matangazo ya vifo, akastaajabu kuona kwamba," akasoma mwenye kipande cha kwanza, akageuza, akakuta katoni.

"Kwamba nini?"

"Sijue. Karatasi imeisha."

Watu wakamgeukia mwenye kipande cha pili, lakini hakuja; alikuwa nyumbani kwake akikohoa. Wiki nzima baraza lilikaa na kiu. Jumamosi nyingine alipofika, walimpokea kama mgeni wa serikali, naye akasoma kwamba, kwa hesabu za ubatizo zilizokuwa humo humo, wavulana walizaliwa wengi kidogo kuliko wasichana, mwaka baada ya mwaka. Baraza likapiga makofi.

Pagumu kuliko pote palikuwa kwa Gauthier. Kipande chake kilikuwa na mazoezi bila jibu hata moja. Majibu yalianguka kwa Chancelvie, muuguzi mpole mwenye macho ya kucheka, pamoja na kisa cha muuguzi mwenzake wa zamani aliyechora vifo vya askari kwa rangi na kuwaonyesha wakubwa kwamba uchafu wa hospitali uliua kuliko risasi. Chancelvie alikipenda kisa hicho mpaka akakijua kwa moyo. Majibu hakuyaelewa, kwa sababu hakujua yanajibu nini.

"Miye niko na maulizo, weye uko na majibu," Gauthier akamwambia mbele ya wote. "Mungu anataka nini tena?"

"Anataka ufanye mazoezi," Chancelvie akajibu, na baraza likaanguka kwa kicheko. Lakini walianza kukutana Jumatano pia, kwa ajili ya mazoezi, na baada ya miezi kadhaa wajomba wa pande zote mbili walikuwa wameanza kutembeleana.

Hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa Profesa Clément alipopiga simu.

"Constance, binti yangu, ninahamia Kolwezi, kwa mutoto wangu mwanamke. Kwake ni nyumba ndogo, bitabu haibiwezi kuingia. Mpwa wangu anataka kubipeleka kwa bamama ba mikate, bafungie mandazi. Miye nataka nikuachie weye rafu muzima. Yote ya takwimu."

Constance aliiona rafu hiyo akilini: ukuta mzima wa vitabu, kutoka sakafuni mpaka darini.

"Asante, Prof. Asante sana, baba."

"Lakini kwanza nione ile ya kijani. Vile unachunga kitabu moja, njo vile utachunga byote. Jumamosi nitapita."

Simu ikakatika. Constance akaketi. Mama Mado akamwangalia usoni, kisha akaangalia wembe uliokuwa bado dirishani.

"Nilisema," akasema.

Siku zilizofuata zilikuwa za kukimbia. Kipande kimoja kilikuwa Kambove, kwa mwanachama aliyehamishiwa kazi huko. Kilirudi na vumbi la kijani la mawe ya shaba katikati ya kurasa. Kingine kilikuwa na doa la mafuta ya mawese juu ya kichwa cha Mbelgiji. Chancelvie aliyapangusa yaliyopangusika. Gauthier alileta uzi na gundi. Ijumaa vipande kumi na kimoja vilikaa mezani, vikiwa vimerudi ndani ya jalada lao. Cha saba hakikuwapo. Alikuwa nacho Franck, mchuuzi wa samaki, na Franck alikuwa amekwenda Kilwa, ile ya ziwani. Alikuwa ameondoka huko na lori, lakini mvua ilikuwa imenyesha, na kila anayejua njia ya Kilwa wakati wa mvua anajua lori hilo lilikuwa limekaa wapi.

"Tufanye hivi," Gauthier akasema. "Bipande bizuri tuweke juu. Katikati tutie karatasi nyeupe. Prof ni muzee, atafungua mwanzo, atafungua mwisho, atafurahi. Tena yeye mwenyewe ana kosa: anataka kujua rafu muzima kwa kitabu moja! Sampuli ya kitu moja! Si njo alikufundisha usifanye?"

Wote wakacheka, hata Constance. Rafu ilikuwa karibu kiasi cha kuguswa, na karatasi nyeupe zilikuwa pale pale mezani. Constance alizikusanya. Kisha akazirudisha kwenye mkoba wake wa shule.

"Hiyo ni kumupa munkoyo ya juu," akasema. "Nikifundisha kutikisa, sasa nizuie muntu asitikise?"

Gauthier akatafuta utepe wa mpira wa baiskeli, akavifunga vile kumi na kimoja.

Profesa Clément alifika Jumamosi akiwa na mwavuli, koti la enzi zake na kofia aliyoivua mlangoni kwa heshima ya Mama Mado. Walimpa kiti kizuri. Constance akaweka kitabu magotini pa mzee, kimefungwa kwa utepe wa mpira wa baiskeli, akabaki amesimama kama mwanafunzi ubaoni.

Mzee akafungua utepe. Vipande vikateleza. Kimoja kikaanguka sakafuni.

"Ni nini hii?"

"Nimekikata, Prof. Ili tusome wote kwa mara moja. Na kipande cha saba hakiko hapa."

Uso wa Profesa ulipoteza rangi, kisha ukazirudisha zote kwa pamoja. "Kitabu hii ilivuka bahari! Niliilinda na mchwa, na mvua, na vita! Na tena unakata mubaya! Angalia! Katikati ya sentensi! Hata mwizi wa kuku anajua kiungo kiko wapi!" Akapekua kwa haraka, akitafuta kitu. "Cha saba ni sura ya mutengeneza pombe. Iko wapi?"

"Iko njiani kutoka Kilwa."

"Kilwa! Inafanya nini Kilwa?"

"Iko na Franck. Anauza samaki."

"Samaki!" mzee akasema, na akainuka kutafuta kofia yake.

Gauthier, ambaye maisha yake yote yalikuwa simu, alikuwa tayari ameipata laini. Akaiweka simu mezani na sauti juu. Kwanza zikasikika kelele za wanawake, mbuzi, na injini inayojitahidi bure matopeni.

"Franck! Kipande kiko wapi?"

"Ndani ya shati yangu! Kwenye plastiki! Bamama hapa banasema niko na mimba!"

"Mimba ya makaratasi!" sauti ya mwanamke ikapaza. "Muzee yako aje kusukuma lori!"

Mama Mado akajifuta machozi ya kicheko kwa kitenge. Profesa hakucheka, lakini kofia ilibaki mkononi.

"Franck," Constance akasema, "Prof iko hapa. Mwambie sura yako."

"Eh! Jambo yenu, Prof! Bon. Kulikuwa muntu katika kiwanda ya pombe kule Ireland. Alitaka kujua shayiri gani ni nzuri, lakini alikuwa na bipimo kidogo tu. Bakubwa bake bakamukataza kuandika kwa jina yake, akaandika kwa jina ya bandia. Lakini Prof, hapa kuna muntu alichafua kitabu. Pembeni, na wino mwekundu, aliandika BONGO. Yaani uongo."

Profesa akakaa tena, polepole.

"Ni miye," akasema. "Nilikuwa kijana. Nilisema, bintu bidogo habitawahi kusema juu ya bintu bingi. Nilipita exameni, lakini ukurasa ule sikuuamini hata siku moja."

"Miye pia sikuamini," Franck akasema katikati ya kelele. "Kiisha nikajaribu na samaki. Nilitaka kujua wavu ya asubuhi na wavu ya magaribi, ni gani inaleta samaki kubwa. Nilipima kidogo tu, hapakuwa wakati. Nikafanya hesabu ya yule muntu wa pombe. Prof, yeye hasemi wachache basema kama bengi. Anasema wachache bana ruhusa ya kusema, lakini kwa sauti ya chini. Na alipima ni ya chini kiasi gani. Njo kazi yake yote."

Profesa Clément alitazama simu ile ndogo mezani. Midomo yake ilirudia maneno bila sauti: kwa sauti ya chini.

"Na samaki?" akauliza mwishowe. "Ni wavu gani?"

"Ya asubuhi, nafikiri. Nasema kwa sauti ya chini!"

Sasa mzee alicheka, kicheko cha tumbo kilichomtikisa mpaka vipande vikateleza tena magotini. Laini ikakatika pale injini ilipong'oka matopeni na wanawake wakaanza kuimba.

"Hii kitabu nilikaa nayo peke yangu miaka yote," akasema, akipangusa miwani. "Hakuna muntu alinijibu." Akawaangalia wote barazani. "Niambieni, kwa kukatwa mubaya hivi, mulifanyaje mukaelewa?"

"Hatukuelewa," Chancelvie akasema. "Ilibidi turudi kila Jumamosi tuulizane."

"Wengine na Jumatano," Mama Mado akaongeza, na Gauthier akaangalia viatu vyake.

Rafu ilifika wiki iliyofuata kwenye mkokoteni, chini ya turubai, na vitabu vikapanda ukuta wa sebule ya Mama Mado mpaka kwenye taa. Profesa alikuja navyo mwenyewe. Kabla hajapanda basi la Kolwezi aliomba apewe kimoja, kinene kuliko vyote, na wembe. Constance alimpa huku akimwonyesha mwisho wa sura, mahali pazuri pa kukata.

"Hapana," mzee akasema. Akavaa miwani, akafunua kurasa chache mbele, akatafuta sentensi ndefu, akaiweka ncha ya wembe katikati yake. "Hapa. Hapa batarudi."

Na akakata.