Babu Anaita Kutoka Ulaya

Dada mmoja wa Kizungu, wa makumbusho ya huko Ulaya, alifika nyumbani kwetu Ilembo na kompyuta begani, na ndani yake sauti ya babu yangu. Ofisa mmoja wa Kiingereza aliirekodi enzi za ukoloni akaenda nayo kwao. Sisi tulikuwa hatuna hata picha ya babu.

Mama yangu, binti wa huyo babu, alikuwa amevuka miaka themanini. Akakaa mkekani. Kabla ya kubonyeza, mgeni akaniambia kwa upole, "Samahani kaka, naomba usirekodi. Sauti ni mali ya makumbusho. Mkitaka nakala mtajaza fomu."

Nikazima simu. Jamani! Nyumbani kwetu, sauti ya babu yangu mwenyewe, na mimi huyo nazima simu kwa adabu zote.

Babu alikuwa mrina asali. Akipanda mti kushusha mzinga, aliita kutoka juu, na aliyebaki chini lazima aitikie, ili wa juu ajue hajaachwa peke yake na nyuki. Aliyesimama chini alikuwa mama, enzi za usichana wake. Kwenye rekodi babu anaita, kimya. Anaita tena, kimya. Yule ofisa hakuweka mtu wa kuitikia.

Mara ya tatu mama akaitikia, kwa Kikonongo, lugha yetu, kwa sauti nyembamba ambayo sijawahi kuisikia kwake: nipo baba, nipo chini. Nililia, wala sioni haya kusema.

Tangu siku hiyo kila asubuhi aliniuliza, "Sauti ya baba imekuja?" Bado, mama. Fomu niliijazia stesheneri ya Makanyagio, wakairudisha wakitaka uthibitisho wa undugu. Uthibitisho gani tena, niwatumie pua yangu? Masika mama akafariki, bado anauliza.

Juzi yule dada ameniandikia barua pepe ya pole. Anasema siku ile kompyuta yake ilikuwa inarekodi, kwa hiyo mama naye amehifadhiwa huko pamoja na babu, mahali pazuri pasipo na unyevu. Ala! Na mimi simu yangu niliizima. Natamani kumsikia mama mpaka kifua kinauma, na nikitaka kumsikia, nijaze fomu.

Nimejaza. Palipoulizwa uhusiano wangu na kinachoombwa, nimeandika: mtoto wake. Nipo chini.