Bwana Mkakati na Kijiji Kisicholala

Inatangazwa kwa umma, kwa wote wanaohusika na kwa wale wasiohusika ila wanapenda kuchungulia, kwamba mheshimiwa Bwana Mkakati, afisa maendeleo mstaafu, bingwa wa semina, baba wa kamati zisizohesabika na babu wa mjukuu mmoja, amekubali, baada ya kujiomba mwenyewe kwa muda mrefu, kurejea katika utumishi wa vijiji. Kijiji chenyewe kimo ndani ya kompyuta. Wananchi wake ni wa pembe nne kuanzia utosini hadi unyayoni. Umma unaombwa uwe mtulivu.

Kompyuta hiyo ilikaa sebuleni kwenye meza ya pembeni, imefunikwa kitambaa cha kufuma kama keki ya harusi. Mwenyewe ni mjukuu, msichana aliyelelewa na babu na bibi yake, mwenye ulimi mwepesi na subira ya punda. Likizo baada ya likizo alikuwa amejenga kijiji katika ule mchezo wa matofali ambamo kila kitu ni boksi, hata jua. Sasa shule zilifunguliwa, anarudi bweni, na kijiji hakiwezi kutiwa kwenye begi.

"Babu, sikiliza vizuri," alisema, viatu vya shule tayari miguuni. "Giza likiingia humu ndani yanakuja mazombi, yanakula watu. Mlinzi wangu alikuwepo, jitu la chuma, likatumbukia kwenye moto wa bondeni. Jipya huwezi kulinunua wala kuliagiza. Wanakijiji wenyewe ndio hulitoa, kijiji kikiwa sawa."

"Kijiji kikiwa sawa," alirudia babu, na macho yake yakang'aa kama ya mtu aliyesikia jina la mchumba wa zamani.

"Halafu kipanya. Kitufe cha kulia ni cha kuongea na mtu. Cha kushoto ni cha kumpiga. Usichanganye."

"Mama, mimi nimeongea na vijiji kabla mama yako hajaota meno."

"Sawa. Ila watu wakianza kuisha nampa Bibi."

Alisema kwa kucheka, akaondoka. Babu hakucheka. Tangu astaafu, hakuna aliyemwita mahali popote isipokuwa misibani, na huko nako walijifunza haraka kumkalisha mbali na kipaza sauti. Kijiji hiki kilikuwa cheo pekee alichobakiwa nacho duniani, na ametishiwa kuporwa na mke wake mwenyewe, mwanamke ambaye maisha yake yote hajawahi kuandaa hata ajenda moja.

Alasiri ile ile alifunua kitambaa, akavaa miwani, akaingia kazini. Wanakijiji walimtazama. Walikuwa na pua ndefu zilizoning'inia, mikono wameikunja kifuani, na kwa kila neno walijibu, "Hmm."

Bwana Mkakati alijinyoosha kitini kwa furaha. Hawa aliwajua! Hawa ndio aliowahutubia miaka yote ya utumishi wake, sura zile zile, mikono ile ile, na jibu lile lile.

Alianza na kibao, kwa sababu mradi usio na kibao ni uvumi. Alikisimamisha njia panda, maandishi makubwa: KIJIJI CHENYE MAENDELEO HAKILALI. Kilimpendeza mno hata akaamua kukitekeleza. Nyumba zilikuwa zimejaa vitanda, kitanda kwa kila mtu, uzembe mtupu. Akavivunja vyote, na mahali pake akainua ukumbi wa mikutano wenye jukwaa, madirisha pande zote na mlango wa wageni rasmi.

Kisha aligundua kwamba wananchi walikuwa na tabia ya kukusanyika kisimani na kusogezeana pua. Porojo! Alimjengea kila mmoja ukuta wake: mkulima na shamba lake, mhunzi na fuawe lake, mkutubi na meza yake ya vitabu, kila mtu macho kwenye kazi. Alibaki mmoja, amevaa joho la kijani, ambaye hakushika kazi yoyote hata alipowekewa zana zote mbele yake. Alizurura tu na kushangaa. Huyo Bwana Mkakati alimteua kuwa Mwenyekiti wa Kamati ya Ulinzi.

Palikuwa na kengele pia. Aliigonga kuitisha mkutano wa kwanza. Mwenyekiti, ambaye ndiye pekee hakuwa na ukuta, alipoisikia tu alitimua mbio akajificha ndani ya nyumba. Kule nyuma ya kuta wengine nao walihangaika kutafuta pa kujificha. Bwana Mkakati hakuvunjika moyo. Enzi zake mahudhurio yalikuwa hivyo hivyo.

Mazombi yalikuja, kwa kuwa mazombi hayasomi vibao. Kuta za Bwana Mkakati zilikuwa fupi na bila paa, maana paa halikuwa kwenye bajeti ya mawazo yake. Akapotea mvuvi. Akapotea mchonga mawe. Asubuhi ya mchezo ilipopambazuka babu alizunguka akikagua, akasema kwa sauti ya taarifa ya habari, "Kumekuwa na upungufu kidogo wa nguvu kazi."

"Wameliwa?" aliuliza bibi, aliyekuwa akikunja nguo kwenye kochi.

"Wamepungua."

"Kwa kuliwa?"

"Mke wangu, haya ni mambo ya kitaalamu."

"Haya, mtaalamu. Mimi napita kwa fundi cherehani mara moja."

Hiyo "mara moja" ya bibi ilikuwa inamla roho babu tangu siku za ndoa changa. Kwa fundi cherehani, nyumba ya tatu kutoka kwao, wanawake wa mtaa walikaa kwenye benchi wakijifanya wanasubiri nguo, na hapo mtu alichambuliwa kama mchele. Bibi alikwenda na gauni moja la kupunguza, likapunguzwa na kuongezwa mpaka kitambaa chenyewe kikachoka.

Jumapili simu iliita, simu ya matroni wa bweni, mjukuu anaongea haraka kwa sababu kuna foleni nyuma yake.

"Babu, kijiji kipo?"

"Kijiji kipo imara, mama. Utekelezaji unaendelea."

"Mlinzi ametokea?"

"Mchakato uko katika hatua nzuri."

"Watu wangapi wamebaki?"

"Waliobaki wana ari kubwa sana."

Mtoto alilelewa na mtu huyu, lugha yake anaijua. "Babu, piga picha ya hicho kijiji, itume kwa namba ya matroni. Sasa hivi. Sikati."

Babu alipiga picha, akachagua upande ambao ukumbi unapendeza zaidi. Akatuma. Alisikia mjukuu akivuta pumzi upande wa pili.

"Babu. Vitanda viko wapi?"

"Niliviondoa. Vilikuwa vinachochea usingizi."

"Vitanda!"

"Soma kibao, mama. Kina falsafa."

"Babu, wasipolala hawatoi mlinzi! Mtu asiyelala hatoi chochote! Na hizo kuta za nini? Umewafunga?"

"Nimewapunguzia porojo."

"Lakini ndiyo kazi yenyewe! Lazima walale, waamke, wakutane, wapige umbea. Wakinong'onezana wee, ndipo jitu linatokea katikati yao."

"Unasema... umbea?"

"Umbea, Babu."

Mlangoni mwa jikoni bibi alikuwa amesimama na mwiko, na simu ile ilikuwa na sauti ya juu, kwa sababu babu hasikii vizuri ila hakubali. Bibi aliuweka mwiko juu ya kabati taratibu, akavuta stuli, akakaa, akacheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya kanga.

"Jumapili napiga tena," alisema mjukuu. "Mkutubi bado yupo, nimemwona kwenye picha. Yule ndiye niliyemhangaikia kuliko wote, Babu. Akifa yule, mimi sina hamu tena na mchezo. Kama mlinzi hayupo, mpe Bibi kipanya. Nakupenda, kwaheri, wananisukuma."

Bwana Mkakati alikaa na simu mkononi kama mtu aliyepewa barua ya kuachishwa kazi. Alitaka kuzungumzia adabu za watoto wa siku hizi, lakini msikilizaji aliyekuwepo alikuwa bado anacheka.

"Wewe mzee," bibi alisema alipopata pumzi, "mlinzi wa mtaa wetu tulimpataje? Kwa vile vikao vyako?"

"Vikao viliweka msingi."

"Vikao viliweka biskuti! Watu walikula wakaondoka. Mlinzi tulimpata siku fundi alipoibiwa nguo kambani. Tulipiga kelele, tukasemana pale kwenye benchi, huyu akamwambia yule, yule akamshika mumewe sikio. Jioni mtu kasimama getini na rungu. Ajenda iko wapi hapo?"

Babu alirudi mezani akaketi. Kuuvunja ukumbi kulimuuma kama kung'oa jino lake mwenyewe. Alianza na jukwaa, akaenda kwenye madirisha, na mlango wa wageni rasmi aliuacha mwisho, akauzunguka kwa muda kana kwamba mgeni angetokea dakika ile kuunusuru. Hakutokea. Alikata manyoya ya kondoo wa boksi, akachonga mbao, akapanga vitanda upya, kimoja kwa kila aliyebaki. Akabomoa kuta. Kazi hiyo ilimla wiki nzima, hadi Jumapili ya simu. Kibao tu ndicho alichokiacha. Kibao, alisema, ni cha historia.

Wanakijiji walilala. Bwana Mkakati alizunguka nje na upanga, akihema, akiyakimbiza mazombi mbali na mlango wa mkutubi, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake alifanya kazi ya usalama bila kuandika taarifa yake.

Kulipokucha walitoka, wakajikusanya kisimani. Mkulima akasogeza pua kwa mhunzi. Mhunzi kwa mkutubi. Hmm. Hmm, hmm.

"Wanasema nini?" babu aliuliza, maana bibi alikuwa ameshavuta kiti chake karibu.

"Wanakusema wewe."

"Unajuaje?"

"Naijua hiyo hmm. Subiri. Ehee, sasa wamefika kwenye vitanda. Sasa huyo mwenye vitabu ndiye anaongeza chumvi. Huyo angetufaa kwenye benchi."

Hapo hapo, bila hotuba wala kukata utepe, jitu lilikuwa limesimama katikati yao. La chuma tupu, mabega kama kabati la nguo, mikono inagusa magoti, na pua ile ile ya ukoo. Lilitembea hatua nzito kupita mbele ya mkutubi, likageuka, likasimama hapo. Zombi moja lililochelewa chini ya mti lilijitokeza. Jitu lilirusha mkono mmoja, na zombi likawa habari za zamani.

Babu na bibi walijikuta wameshikana mikono. Wakaiachia haraka.

Hapo mtu mwenye busara angezima kompyuta. Bwana Mkakati aliona tukio la kihistoria linapita bila picha ya pamoja. Alitaka jitu lisimame kando ya kibao, viongozi mbele, wananchi nyuma, picha iende kwa matroni kabla mjukuu hajapiga. Jitu lilikuwa linapita karibu na kibao. Wananchi, kwa bahati, walikuwa nyuma. Tatizo lilikuwa Mwenyekiti. Yule wa joho la kijani alikuwa amesimama mbele kabisa, amelifunika neno MAENDELEO lote.

"Mwenyekiti, sogea."

"Hmm," alisema Mwenyekiti.

"Ongea naye vizuri," bibi alionya. "Cha kulia."

"Nakijua."

Simu ikaanza kuita. Babu alishtuka, akageuza shingo kuitazama, na kidole, kwa uzoefu wake wote wa kuongea na vijiji, kikabonyeza cha kushoto. Ngumi ya mheshimiwa ikatua kwenye pua ya Mwenyekiti wa Kamati ya Ulinzi.

Jitu liligeuka.

Halikuuliza nani ni nani. Halikuomba kitambulisho, halikujali nani alivunja ukumbi akapanga vitanda. Lilikuja kwa mwendo ambao bibi baadaye aliueleza kwenye benchi kwa kusimama na kuuigiza, mara nyingi kwa kuombwa, likaingiza mikono chini ya Bwana Mkakati na kumrusha juu, juu ya kisima, juu ya mapaa, juu ya kibao chake. Aliporudi chini alirushwa tena, safari hii bila marudio.

Na kwa kuwa katika mchezo huo mtu akifa huzinduka kitandani mwake, naye katika vitanda vyote alivyovipanga hakujiwekea hata kimoja, alizinduka porini mbali kabisa, mikono mitupu, mvua inanyesha, kuku mmoja wa boksi akimtazama. Bibi alikuwa tayari sakafuni, ameshika mbavu, hawezi hata kuomba maji.

Simu iliendelea kuita. Babu alivua miwani, akaifuta, akaivaa, akapokea.

"Babu! Mlinzi ametokea?"

"Ametokea."

"Kweli? Na mkutubi mzima?"

"Mzima. Mlinzi hambandui macho."

"Babu, wewe ni noma! Na ameshaua adui?"

"Wawili," alisema Bwana Mkakati. "Mmoja zombi."