Msitu wa Pugu kwa Mwendo wa Somoe

Wenzangu mliokulia Kariakoo miaka ile ya Ujamaa hamtashangaa nikisema kwamba hatukujua mlima. Dunia yetu ilikuwa bapa kama sinia. Kutoka Gerezani hadi Ilala hapakuwa na mwinuko wa kumchosha hata mbuzi. Tulicheza kombolela vichochoroni, tukanuka vumbi na samaki ng'onda wa sokoni, na foleni ya sukari katika duka la ushirika tuliishika kwa kuweka jiwe pale tulipokuwa tumesimama, kisha tukaenda zetu kucheza rede. Jiwe liliheshimiwa. Kijana wa leo ukimweleza kwamba jiwe lilishika nafasi ya mtu, atakuuliza lilitumia mtandao gani.

Mwalimu wetu, Mwalimu Haule, mtu wa Songea, hakuweza kuvumilia ubapa huo. "Nyinyi watoto wa Kariakoo," alisema, "mkivuka Mnazi Mmoja mnadhani mmesafiri." Akatangaza kwamba Jumamosi darasa zima litapanda kilima cha msituni kule Pugu, na kileleni tutauona mnara wa mbao ambao watu wa misitu waliutumia kuangalia moto.

Neno mnara likaleta mkanganyiko. Kwetu sisi mnara ulikuwa mmoja tu, Mnara wa Saa, mwendo mfupi kutoka sokoni. Ndiyo sababu bibi yake Somoe, mwenzetu wa darasani, ambaye hakuwahi kumruhusu mjukuu wake kwenda safari yoyote ya shule, safari hii alikubali. Somoe alikuwa na mguu mmoja mfupi tangu alipougua polio akiwa mchanga. Asubuhi ile alifika stesheni amepakwa mafuta yanayong'aa, amevaa viatu vya Idi.

"Somoe," Mwalimu alimuuliza, "bibi anajua tunakwenda Pugu?"

"Anajua tunakwenda mnarani, Mwalimu."

Mwalimu hakucheka. Alimtuma kwa bibi jirani yao aliyemsindikiza kwa baiskeli, naye akarudi anahema wakati injini ikipiga honi. "Bibi kasema aende. Ila viatu avivue kabla ya matope."

Somoe alivivua palepale, ndani ya behewa, akavifunga pamoja kwa utepe na kuvitundika shingoni.

Chini ya kilima Mwalimu alikusanya vyakula vyetu vyote, mihogo ya kuchemsha, maandazi na chapati za waliojaliwa, akavitia katika kapu moja. Kisha akatoa amri. Somoe atatangulia, na atakayempita atarudi chini kuanza upya. "Na jua likifika utosini hatujafika mnarani, tunageuka sote. Treni haimngoji mtu."

Hapo ndipo tulipoelewa kwamba mlima wote ulikuwa umewekwa juu ya mguu ule mfupi. Somoe alielewa kabla yetu. Nilikuwa nyuma yake, nikaona jinsi alivyouma meno na kuushika mzizi wa kwanza.

Msitu ulikuwa na baridi ya asubuhi na harufu ya majani yaliyooza. Mbega walituzomea kutoka juu. Njia ilikuwa nyembamba na utelezi, nasi tulikwenda kwa kusimama zaidi kuliko kutembea. Hemedi, mshambuliaji wetu wa mpira wa chandimu, alivumilia mpaka uvumilivu ukamwishia.

"Mwalimu, abebwe tu! Mimi nitambeba, jua linapanda."

"Sibebwi," Somoe alisema bila kugeuka.

"Utatukosesha wote, kupe we!"

Wenzangu mnakumbuka uzito wa neno hilo. Kupe alikuwa mnyonyaji, yule aliyechorwa na tumbo kubwa kwenye kuta za shule, anayeishi kwa jasho la wenzake. Hata mama zetu walikuwa wakituita hivyo tulipokwepa kuosha vyombo, nasi tulilia. Mwalimu alifungua kinywa, lakini Somoe alimtangulia.

"Kupe anakaa mgongoni, Hemedi. Mimi mgongo wako nimeukataa."

Mwalimu alicheka mpaka akaegemea mti. Hemedi hakukemewa. Alikabidhiwa kapu la chakula alibebe kichwani.

Sehemu ya mwisho ilikuwa kali. Somoe alitambaa kwa mikono na goti, na viatu vya Idi vikawa vinagongana kifuani pake. Kila mmoja wetu alitazama angani kulipima jua. Tulipoyaona magogo ya mnara kati ya matawi, kivuli changu kilikuwa kimebaki kidogo sana miguuni, lakini kilikuwapo.

Ilibaki ngazi. Hemedi aliweka kapu chini, akanyoosha mikono amsukume.

"Usiniguse. Shika ngazi isitikisike."

Akaishika. Somoe alijivuta kwa mikono, mguu mfupi ukining'inia, akapumzika, akajivuta tena, mpaka nyayo zake zenye udongo zikapotea juu ya mbao. Kisha tukasikia sauti yake: "Njooni! Bahari inaonekana! Njooni, nafasi ipo!"

Tulipanda kwa zamu. Mbali kule, chini ya ukungu wa joto, mji wetu ulikuwa mdogo kiasi cha kufunikwa kwa kiganja. Muhogo niliokula juu ya mnara ule ulitoka nyumba ya nani sijui, wala sijapata kula mwingine mtamu hivyo.

Hivi karibuni niliwapeleka wapwa zangu katika vilima hivyohivyo. Mnara haupo tena. Wao wana viatu vya kupandia milima, maji ya chupa, na simu inayowahesabia hatua ambazo sisi hatukuwa na haja ya kuzihesabu. Wana kila kitu tulichokikosa, na sikuwaonea wivu. Mkubwa wao alifika kileleni kwanza, nami nikafuata. Nikamkuta anajipiga picha.

"Wadogo zako wako wapi?"

"Watakuja tu, mjomba," alisema, jicho lake likiwa kwenye kioo.

Nilisikiliza msitu. Hapakuwa na sauti ya mtoto yeyote.

"Weka simu mfukoni," nikamwambia. "Tunashuka kuwafuata, kisha tutapanda upya, na mdogo kuliko wote atatangulia."

Alinung'unika kwa Kiswahili chao ambacho sikielewi vizuri. Lakini aligeuka.