Eliana Alipita Bila Taa

Yunisi wa Mgori alikuwa haitikii salamu ya Sostenes. Wakikutana kanisani anaangalia dirisha, wakikutana dukani anaangalia chumvi. Sostenes hakuacha kumwamkia. "Shikamoo, shemeji." Yunisi anapita. Shikamoo ile inabaki hapo njiani, mbwa aiokote akitaka.

Wageni waliona wakasema huyu bibi ana roho mbaya. Ni kweli, roho yake si nzuri, na hajawahi kumdanganya mtu kwamba ni nzuri. Lakini sababu alikuwa nayo.

Kule Mgori gari likija mchana, jua linawaka, halafu limewasha taa, ujue limebeba maiti. Hakuna anayefundishwa hilo, mtoto anakua analijua. Likija na honi na vigelegele hiyo ni harusi, endelea na kazi yako. Likija kimya na taa, inuka. Mwenye kofia avue, mwenye baiskeli ashuke, mashine ya kusaga izimwe. Wanawake wanafunga kanga kiunoni wanalifuata kwa nyuma mpaka nyumba litakaposimama. Hata kama aliyelala mle humjui. Hata kama ulimjua na mlikuwa hampikiki chungu kimoja.

Sasa Eliana alikuwa mdogo wake Yunisi, wametoka tumbo moja, na Sostenes ndiye alimwoa. Eliana alifia hospitali mjini Singida akiwa na mimba yake. Sostenes akamrudisha nyumbani kwa gari lake mwenyewe, ile Karina nyeupe ya kubebea abiria, na ndiyo hiyo hiyo aliyonayo mpaka leo. Akamlaza siti ya nyuma, kafunikwa blanketi, kichwa kwenye mapaja ya kaka yake Sostenes. Mchana kweupe. Taa hakuwasha. Hata tawi la mti, lile linalochomekwa taa zikiwa mbovu, hakuchomeka mbele.

Siku hiyo Yunisi na wenzake walikuwa kando ya barabara wanachambua vitunguu vya kupakia lori. Simu wakati ule zilikuwa za watu wachache, habari za hospitali zilikuwa hazijafika. Gari likatokea upande wa msituni, likapita mbio, vioo vimepandishwa, Sostenes kakaza macho mbele kama haoni watu. Yunisi na mdomo wake ule akasimama.

"Mwoneni mume wa mdogo wangu. Kapata gari kasahau watu. Anakimbia utafikiri kaiba mbuzi."

Wanawake wakacheka. Yunisi akaona wamependa, akaongeza. Akashika usukani wa hewani, akakaza shingo, akatoa macho vile vile alivyoyatoa Sostenes. Wakacheka mpaka mmoja akalalia magunia. Walikuwa bado wanajifuta machozi ya kicheko, kilio kikaanza upande wa kwa Sostenes.

Hiyo ndiyo aibu aliyokaa nayo. Mdogo wake kapitishwa mbele yake amelala, na yeye kamsindikiza kwa kumchezea maigizo.

Msibani wazee walimwuliza Sostenes, imekuwaje umeleta mwili kama mtu anayeleta mzigo wa sokoni? Akajibu, "Taa zilikuwa mbovu, wazee wangu. Ziligoma kabisa." Wazee wakatikisa kichwa, wakasema gari ni chuma, chuma kinaharibika. Yunisi akauliza, na miti nayo iligoma kutoa matawi? Sostenes akasema alikuwa amechanganyikiwa. Na mtu aliyefiwa huwezi kumbishia kwamba hakuchanganyikiwa. Yakaishia hapo, kwa wengine.

Yunisi shule aliishia darasa la pili, kwa hiyo hakuwa na cha kuyatolea ya moyoni zaidi ya jembe. Alilima mtama, alilima alizeti, akamzika mume, akalea wanawe wakaondoka. Lakini kitunguu akawa anakichambua ameipa barabara mgongo. Ukimwuliza anasema jua linamwumiza macho, hata kama jua lenyewe liko upande mwingine. Na kwenye misiba akawa mtu wa jikoni. Anaosha masufuria, anachochea moto, lakini pale wanapolia wenzake haendi. Alijiambia, nikitoa sauti tu watasema leo analia, siku ya mdogo wake alicheka. Hakuna aliyewahi kulisema. Yeye alilisikia hivyo hivyo, kila msiba.

Mtoto aliyekuwa anabebwa mgongoni mwaka ule sasa ana ndevu, na Sostenes bado alikuwa anasema, "Shikamoo, shemeji."

Mwaka huu Sostenes abiria wakamkimbia. Vijana wa mjini wameleta magari mapya, yanaishia kwenye lami wala Mgori hayafiki, yana taa zile nyembamba nyeupe zinazowaka mchana kutwa, na abiria wa siku hizi anapenda king'aacho, hata kama breki hazishiki. Karina ya Sostenes bampa limeshonwa kwa waya, mlango mmoja unafunguliwa kwa kamba. Huyo akapanda nalo mjini kwa fundi Festo, fundi umeme wa magari, akamwambia nifungie zile taa za LED. Festo ndiye aliyekuja kusimulia baadaye, naye alisimulia huku anasikitika.

Festo alishusha bampa, akatoboa, akazikaza taa mbili chini ya taa kubwa, huku moja na huku moja. Waya akaupitisha mpaka kwenye boksi la fyuzi. Kabla hajaunga akasema, "Mzee, nikuwekee swichi uwe unazima ukitaka."

"Swichi ya nini? Magari mapya yana swichi?"

"Gari lako si jipya, mzee."

"Wewe unga kwenye ufunguo. Nikiwasha gari ziwake zenyewe. Mtu aniulize nimeziwasha wapi, nimwambie gari linajua."

Festo akaunga kwenye fyuzi inayopata umeme ufunguo ukizungushwa. Taa zikawaka, nyeupe, zinachoma macho. Gari kuukuu lile likawa kama mzee aliyevaa meno ya bandia makubwa kuliko mdomo. Sostenes akaenda kuliosha, akarudi Mgori bila abiria, na kwa kuwa alitaka watu waone, akaendesha polepole.

Na watu wakaona.

Wanawake walikuwa pale pale pa vitunguu. Yunisi kaipa barabara mgongo kama kawaida yake. Anastasia, jirani yake, ndiye alikuwa anatazama upande wa msituni. Bintiye Anastasia, Hana, alikuwa kalazwa mjini anasubiri kujifungua, na mama mtu tangu asubuhi alikuwa anaongea ovyo ovyo kwa wasiwasi. Ghafla akanyamaza.

"Gari lina taa," akasema.

Wengine wakageuka. Linakuja taratibu, kimya, taa mbili nyeupe katikati ya vumbi.

"Limetoka mjini," mmoja akasema, akatamani asingesema.

"Ni la Sostenes."

Anastasia akasema, "Hana." Hakupiga kelele, alilisema jina tu kama anamwita mtoto aje kula. Halafu akaangukia vitunguu.

Mashine ya kusaga ikazimwa. Wanaume wakatoka dukani kofia mkononi. Wanawake wakafunga kanga. Yunisi alimkamata Anastasia kwapani akamwinua, na kwa kumwinua akajikuta amegeuka kuitazama ile Karina kwa mara ya kwanza tangu ile siku.

Sostenes mle ndani akaona kijiji kizima kimesimama. Raha ikamjaa. Akashusha kioo, akatoa mkono akawapungia, anatabasamu.

Hakuna aliyempungia. Anastasia akajinyofoa mikononi mwa Yunisi, akalifikia gari, akavuta mlango wa nyuma. Ulikuwa ule wa kamba. Akaikata kamba kwa kuvuta, akaingiza kichwa. Siti ya nyuma kulikuwa na dumu la maji na boksi tupu la taa.

"Mtoto wangu umemweka wapi?"

"Mtoto yupi, mama Hana?"

"Sostenes, usinifiche. Umemweka kwenye buti?"

Sostenes akashuka. Tabasamu lilikuwa bado halijajua pa kwenda. "Mama Hana, hakuna mtu. Sijabeba mtu."

"Na taa?"

"Ni urembo," akasema. "Urembo tu. Ni za mchana."

Mzee Melkizedeki, ambaye ndiye mkubwa wa wazee pale, alikuwa ameshampigia simu Hana. Hana akapokea, akasema hajajifungua, yuko mzima, analalamika uji wa leo hauna sukari. Simu ikawekwa sikioni mwa mama yake. Anastasia akasikiliza, akakaa chini palepale kwenye matairi, akalia sasa kile kilio alichokuwa amekishika.

Wanaume wakavaa kofia, lakini hawakuondoka. Kuna mtu anayevua kofia yake bure halafu akaenda zake? Vijana wa pikipiki wakaanza. "Mzee kaleta msiba wa dumu." "Poleni na dumu." "Taa za kizee ziliungua akaona abandike tochi." Wakacheka.

Sostenes akazima gari, taa zikazimika, lakini aibu haikuzimika. Alikuwa anaangalia viatu vyake. Mzee Melkizedeki akamwuliza kwa upole tu, kumsaidia, "Pengine za zamani ziliharibika ndiyo ukafunga hizi?"

Hapo ndipo kiburi cha gari kilipomponza. Ungemtukana mama yake angevumilia, lakini gari hapana.

"Mzee, gari langu taa hazijawahi kuharibika. Waulizeni mafundi. Tangu nimelitoa Dar mpaka leo, taa kubwa hazijagoma hata siku moja. Hizi ni nyongeza."

Alisema kwa sauti ya kujibu vijana, kila mtu akasikia. Vijana hawakuelewa kitu. Wazee walielewa. Mzee Melkizedeki akashusha simu. Wanawake wa vitunguu, wale waliocheka siku ile, wote wakamgeukia Yunisi, na yeye akajua kwamba hata wao hawakusahau.

Akasogea mpaka mbele ya Sostenes.

"Hata siku moja?"

Ilikuwa mara ya kwanza kumsemesha tangu msiba. Sostenes akainua uso, na ndipo akakisikia alichokisema.

"Shemeji…"

"Nimeuliza. Hata ile siku?"

Sostenes akatazama huku na huku. Hapakuwa na pa kutazama, kila upande kuna mtu.

"Zilikuwa zinawaka," akasema. "Nilikuja nazo zinawaka kutoka hospitali. Nilizizima pale kwenye kona ya msitu."

"Kwa nini?"

"Niliwaona mmekaa barabarani."

"Kwa hiyo?"

"Mngeinuka, shemeji. Mngenifuata mpaka nyumbani mnaniuliza. Nesi wa hapa aliniambia mapema nimpeleke mjini, hali si nzuri. Gari lilikuwa limekodiwa kubeba maharusi. Nikamwambia Eliana avumilie, nikimaliza harusi tutakwenda. Nilipomaliza hakuwa anaongea." Akajifuta uso kwa mkono wa shati. "Niliona aibu kupita mbele yenu na taa."

"Ukanipa mimi hiyo aibu," Yunisi akasema. "Ukapita nimesimama hapa. Unajua nilifanya nini? Nilikuigiza. Watu hawa wote walicheka, na mimi nikacheka, na mdogo wangu yuko nyuma yako. Miaka yote hii nikifika msibani najificha jikoni na masizi, nadhani mwenye kosa ni mdomo wangu. Na wewe unaniamkia."

Mmoja wa wale vijana alivua kofia yake, hata hakujua kwa nini.

"Nisamehe, shemeji. Mbele ya hawa wote, nisamehe."

"Sijaleta habari ya msamaha hapa, na wala usiisubiri. Watu wameshafunga kanga. Washa gari."

"Twende wapi?"

"Kaburi si unalijua? Au nalo umelizimia taa?"

Sostenes akamtazama Mzee Melkizedeki amwokoe. Mzee akasema, "Umesikia ulichoambiwa, mwanangu."

Akaingia, akazungusha ufunguo. Taa zikawaka. Hakuwa na namna ya kuzizima, alikataa swichi kwa mdomo wake. Akaenda mwendo wa miguu, machozi yanamwagikia usukani, na safari hii vioo vilikuwa chini, kila mtu anamwona. Nyuma wanawake wakafuata, Anastasia katikati ameshikwa, wazee pembeni. Walipokaribia kona ya shamba la Sostenes, huko ndiko kaburi liliko, mmoja akaanzisha wimbo wa kuzikia, wengine wakadaka.

Yunisi alitembea karibu na mlango wa nyuma, mkono juu ya bati. Alikuwa analia kwa sauti, sauti mbaya ya mtu asiyezoea, wala hakujali nani anasikia.

Mwanamume mmoja mpita njia, mgeni wa watu, akashuka kwenye baiskeli yake akavua kofia.

"Poleni, mama. Ni nani aliyetangulia?"

"Mdogo wangu," Yunisi akamjibu. "Anaitwa Eliana."